Mchawi Aliyevaa Kaniki ya Bibi

Mwezi uliopita nilikuwa darasani nafundisha sanaa za maonyesho, nikafika kwenye mada ya maleba. Nikaeleza kama kitabu kinavyoeleza, kwamba maleba ni mavazi na mapambo anayovaa mwigizaji ili hadhira imtambue yeye ni nani. Kisha nikaomba mfano. Msichana mmoja wa dawati la mbele, mtoto mwenye adabu ambaye hajawahi kunikosea, akasimama akasema, "Kwa mfano, mwalimu, mchawi huvaa kaniki." Darasa zima likakubali kwa vichwa. Wengine wakaandika daftarini bila hata kuniangalia, kama vile mtu ametaja jina la mji mkuu.

"Nani kakwambia?" nikamuuliza.

"Kwenye muvi, mwalimu. Zote."

Nikamwambia akae. Nikatoka nje, nikasimama barazani mpaka hasira iliponipungua. Hasira ile haikuwa ya mtoto yule. Ina mwenyewe, na mwenyewe ni shangazi yangu.

Shangazi Tausi, dada mkubwa wa baba, alikuwa fundi cherehani pale Kwa Mathias, Kibaha. Baba na mama walipoachana, mimi nikawa wa kukaa kwake kipindi cha shule, na shule zikifungwa napelekwa Masaki, Kisarawe, kwa bibi aliyemzaa yeye na baba. Kibanda chake cha ushonaji kilitazama barabara ya Morogoro. Mpaka leo nikipita mahali penye pasi ya mkaa na kitambaa kipya kilichonyunyiziwa maji, narudi pale: mafuta ya cherehani, moshi wa mabasi, chaki ya fundi iliyoingia kwenye kila kitu hata kwenye chai. Na juu ya kabati kulikuwa na televisheni ndogo na deki, filamu zinapita kutwa nzima ili wateja wasichoke kusubiri.

Ninyi wa rika langu mnazikumbuka filamu zile. Kwanza zilikuwa za Kinaijeria, sauti ya mwanamume mmoja imepandishwa juu yake anatutafsiria kila kitu, kilio cha mwanamke na kicheko cha tajiri vyote kwa koo lake hilohilo. Mganga wa mle alivaa nyekundu, jicho moja limezungushiwa chokaa. Halafu zikaja za kwetu, nazo zikabeba mavazi yale pamoja na hadithi zake. Tajiri alikula chakula cha mchana na suti na tai, jasho linamtiririka. Mke wake alivaa wigi na viatu virefu sebuleni kwake mwenyewe. Msichana wa kuharibu ndoa alivaa sketi fupi na midomo myekundu. Mama maskini alikuwa na gauni lililopauka, na mfanyakazi wa ndani alivaa kanga iliyochanika hata kama nyumba ile ilikuwa na magari mawili. Hakuna aliyehitaji kusikiliza maneno. Mtu akiingia tu mlangoni umeshajua atakufa, ataua, au ataokoka.

Mimi niliyaamini yale kuliko nilivyoamini vitabu vya shule. Nilikaa kwenye ngazi ya kibanda nikiwasoma abiria wanaoshuka. Mwenye suti kuna mtu kamtoa kafara. Mwenye jinzi ya kubana kaja kumchukua mume wa mtu. Mwalimu mkuu wetu alikuwa na suti moja ya kijivu, na siku alizoivaa nilipita mbali na ofisi yake. Tena nilikwenda mbele zaidi. Nilidhani nguo ndiyo inayofanya kitendo, na mtu ni kitu cha kuibebea tu. Mwovu akivua suti anakuwa mwema, na mwema akivaa nguo za mwovu anaharibika palepale. Kwa hiyo nilipomtazama Shangazi akikata kitambaa niliona kama anakata tabia za watu. Nilimheshimu sana kwa hilo.

Watu wa filamu walianza kuja kwake kwa ajili ya sherehe za harusi za kuigiza, maana alikuwa mwepesi wa mkono na hakuwa na maneno mengi. Mmoja wao kila mtu alimwita Dairekta, mwanamume wa makamo mwenye kofia ambayo sikuwahi kumwona ameivua. Taratibu Shangazi akaacha kuwa fundi wao tu, akawa mtu wao wa mavazi. Akaanza kuwatazama watu kwa jicho jingine. Mama muuza mahindi alipita mbele ya kibanda, na Shangazi, mkasi mkononi, akamwambia Dairekta, "Lile gauni la yule mama ni umaskini mzuri sana. Ukishona mpya hupati ile rangi." Mama mwenyewe alisikia. Akavuta mtandio akaendelea na njia yake.

Likizo moja tuliongozana wote kwenda Masaki: mimi, Shangazi, Dairekta, waigizaji wachache na vijana wa kamera. Shangazi alimwambia bibi kwamba wanataka kurekodi filamu ya familia, na kuna mama mzazi wa kijijini ndani yake, kwa hiyo nyumba yake inafaa. Bibi alifagia uwanja wote akawapikia mihogo ya nazi. Wakala wakamaliza. Kisha Dairekta akamtazama mwigizaji wao, mama wa mjini aliyekuwa amevalishwa nguo kutoka kibandani, akasema, "Tausi, hizi zinanuka duka."

Shangazi hakufikiri hata kidogo. Alikwenda kwenye kamba ya nguo akaanua kaniki ya bibi na blauzi yake iliyofifia.

"Hiyo ya kazi, Tausi," bibi akasema. "Za kutokea zimo sandukuni."

"Hiihii, mama. Ndiyo inatufaa."

Bibi akacheka kwa aibu, kama mtu aliyefumaniwa na wageni kabla hajafagia. Akaingia ndani akatoka na doti yake ya kanga ya Idi, bado ina mikunjo ya dukani. Dairekta akaipokea kwa mikono miwili, akaisifia, akamrudishia. "Hii inang'aa sana, mama. Kamera haitaipenda."

Niwaambie kwa nini bibi alivaa kaniki, maana hakuna aliyemuuliza. Alikuwa na mikorosho. Maji ya bibo yakikudondokea kwenye nguo hayatoki tena, utafua mpaka uchoke, doa linazidi kuwa la kahawia. Wanawake wa Masaki waliokuwa na akili walivaa kaniki msimu mzima kwa sababu nguo nyeusi haina cha kuharibika. Basi. Hakukuwa na siri nyingine kwenye kitambaa kile, isipokuwa kiraka begani, ambacho bibi alikishona kwa uzi mweupe mbele yangu kwa kuwa mweusi ulikuwa umemwishia.

Nami nilifurahi, kwa hesabu yangu ya kitoto. Nilijua yule mwigizaji akivaa tu kaniki ile atakuwa kama bibi. Ataita watoto wa jirani kula, ataimba akikoboa mpunga, atamwita mtu "mke mwenzangu" kama bibi alivyoniita mimi kwa utani. Nchi nzima ingemwona bibi yangu alivyo. Wakatufukuza uwanjani ili tusiharibu sauti, tukashinda kwa Mama Pili, jirani. Jioni wakaondoka na kaniki. "Tutairudisha, mama," Shangazi akasema akiwa ameshageuka.

Filamu ilifika Masaki likizo iliyofuata. Ilionyeshwa mchana kwenye kibanda cha video, madirisha yamezibwa kwa magunia, jenereta linanguruma nje. Kijiji kizima kilikuja kwa kuwa ilirekodiwa kwetu. Bibi alivaa ile doti ya Idi, akawekwa benchi la mbele kama mama wa bi harusi, mimi pembeni yake, Mama Pili na mwanawe mdogo upande wa pili.

Mlango wa nyumba ya bibi ukafunguka kwenye televisheni. Watu wakapiga makofi kwa kuutambua. Akatoka mwanamke amepakwa majivu usoni, kichwani ungo, mwilini kaniki ya bibi. Kiraka cha uzi mweupe kilionekana wazi kabisa begani. Aliitwa Bi Nyenje. Alikuwa anamla mjukuu wake wa kwanza, na kabla ya filamu kwisha akamla wa pili, na kila alipofanya hivyo kamera ilianzia miguuni, ikapanda polepole juu ya kile kitambaa cheusi, muziki nao ukipanda pamoja nayo.

Mwanzoni watu walicheka. Kisha wakapungua kucheka. Kuna mahali fulani katikati nikahisi Mama Pili anajongea, nikageuka, nikaona amemwondoa mwanawe kwenye benchi amempakata. Bibi hakusogea. Alitazama mpaka majina ya mwisho, na jina la Shangazi lilikuwamo: Mavazi, Tausi. Jenereta lilipozimwa alisimama akakunjua kanga yake, akatoka, na watu wakampisha njia pana kuliko alivyohitaji.

Jioni ile nilikaa mlangoni mwa jiko badala ya kukaa kwenye kibao karibu naye. Nilikuwa napiga hesabu upya. Yule mama wa mjini alikuwa mpole, alinipa pipi mchana wa kurekodi, nilimwona kwa macho yangu. Alipovaa kaniki ya bibi akawa mla watu. Kwa hiyo ule uovu alikuwa ameutoa wapi? Nilitazama mikono ya bibi ikimenya mihogo, nikaifuata kila ilipopitisha kisu.

Akaniona. "Hata wewe, mke mwenzangu?" akasema.

Nikaendelea kuitazama mikono yake. Sijilaumu kwa hilo na sitajilaumu. Nilikuwa mtoto niliyefundishwa kuwasoma watu kwa nguo, na walionifundisha walikuwa watu wazima wenye kamera.

Yaliyofuata hayakuja kwa kishindo. Watoto walianza kuita "Bi Nyenje" wakiwa mbali, halafu wakaita wakiwa karibu. Wanawake waliozoea kuazima kinu chake wakawa wanakwenda kuazima mtaa wa mbali. Mwana wa Mama Pili akashikwa na homa, na wanawake kadhaa wakaja uwanjani wakamwomba bibi, kwa heshima kabisa, kwa shikamoo, amwachie mtoto. Bibi akawaambia wampeleke zahanati. Mtoto alipona kwa dawa za zahanati, wao wakasema bibi ameogopa. Baada ya hapo jiko lake la makuti likachomwa moto mchana akiwa shambani. Mwenyekiti wa kijiji alikuja akatazama majivu, akasema kwamba hawezi kulinda kila nyumba.

Shule zilikuwa zimefunguliwa, mimi niko Kwa Mathias, siku bibi alipotokea kibandani. Hakuwa amewahi kuja Kibaha peke yake. Alivaa kaniki nyingine, kuukuu kuliko ile, na miguu yake ilikuwa na vumbi la njia nzima. Wateja wawili, wasichana, walikuwa kwenye benchi wakisubiri magauni yao.

"Shikamoo, mama," Shangazi akasema, akaondoa mguu kwenye cherehani.

"Marahaba. Nimefuata kaniki yangu."

"Karibu ukae kwanza. Zaina, mletee bibi yako chai."

"Sikufuata chai, Tausi. Nimefuata kaniki."

Shangazi akapangapanga vitambaa vilivyokuwa vimeshapangwa. "Iko kwa Dairekta, mama. Kuna muvi nyingine wanaitumia."

"Muvi ya nini?"

Shangazi akainama kuokota uzi sakafuni.

"Nakuuliza ya nini."

"Ya mchawi," akasema. "Lakini yale ni maigizo, mama. Ile ni maleba tu. Kila mtu anajua."

"Masaki hawajui. Wamenichomea jiko."

Nakumbuka jinsi uso wa Shangazi ulivyobadilika, na nakumbuka kwamba ulibadilika kwa muda mfupi tu. Msichana mmoja kwenye benchi alikuwa amemnong'oneza mwenzake, "Si ndiye yule wa kwenye muvi?" na mwenzake akafunika mdomo kwa mkono. Shangazi akasikia. Akainuka haraka, akatoa dira jipya la maua kwenye kiango, akamsogezea bibi. "Badili kwanza, mama. Ingia pale nyuma ya pazia ubadili. Watu wanakuangalia."

Bibi alilishika lile dira kwa ncha za vidole, akalitazama juu mpaka chini, shingo, mikono, upindo. Lilikuwa limeshonwa vizuri. Akaliweka mezani.

"Wewe nilikubeba mgongoni na kaniki," akasema. "Mpaka ukaanza kutembea. Ulikuwa hulali mpaka nikufunge nayo. Leo ndiyo inakutia aibu mbele ya watoto hawa?"

"Sikusema hivyo, mama."

"Hukusema. Umenipa nguo."

Chai niliyoileta ilibaki kwenye kigoda mpaka ikashika utando. Bibi alivuka barabara bila kugeuka, na Shangazi alisimama mlangoni na mkasi mkononi, asimfuate. Kisha akarudi akakaa, akawamalizia wale wasichana magauni yao. Hilo ndilo ninalolikumbuka kuliko yote. Aliwamalizia magauni, akawauliza kama kiuno kimekaa sawa.

Bibi hakukaa tena Masaki. Kaka yake, Babu Kondo, aliyeishi Marui, alikuja kumchukua kwa pikipiki, sanduku limefungwa nyuma, yeye katikati. Mikorosho aliyoipanda akiwa mwali ikabaki, na wale waliomwogopa hawakuogopa korosho zake. Kule Marui alilima mihogo shambani kwa kaka yake, na sikumwona tena na kaniki. Alivaa magauni ya kupewa na wake wa wapwa zake, ya rangi rangi, na mabega yote yalikuwa mapana kwake. Mimi niliacha kumwogopa mapema tu. Mtoto husahau hesabu zake. Nilikwenda kila likizo, tukakaa, tukacheka. Ila "mke mwenzangu" hakuniita tena. Aliniita Zaina, kwa upole mtupu, kama anavyoitwa mtoto wa jirani.

Watu wengine huniambia sasa kwamba filamu zile zilikuwa hatua, kwamba wale walifanya kazi bila chochote, kwamba aliyevalisha waigizaji kwa nguo za kwenye kamba ni mbunifu aliyezaliwa kabla ya wakati wake. Nimelisikia hilo kwenye semina, likisemwa na kijana mwenye miwani mizuri, na ukumbi ukapiga makofi. Mimi sikupiga. Ubunifu gani huo, kila mkulima bikizee awe mchawi na kila mchawi awe mkulima bikizee? Walikuwa na rangi zote za dunia mbele yao pale Kwa Mathias, jora kwa jora, na walichoona kinatisha ni nguo ya mwanamke anayeokota korosho.

Bibi alifariki nikiwa chuoni. Nilifika Marui mapema asubuhi, nikakaa kwenye mikeka na wanawake wengine, kanga moja kiunoni, nyingine kichwani, ya tatu begani. Shangazi alifika jua limeshapanda, kwa gari la kukodi. Wakati huo filamu zilikuwa zimemwacha, Dairekta alishapotelea kwake, na yeye alikuwa amerudi kwenye sare za shule na mapazia. Lakini alishuka amevaa gauni jeusi refu la kubana, mtandio mweusi wa lesi, na miwani mikubwa myeusi iliyofunika nusu ya uso.

Mazungumzo mikekani yakakatika. Kwetu hakuna anayefika msibani vile. Vile wanavaa wajane matajiri kwenye filamu, wale wanaolia bila wanja kumwagika. Niliona damu inanipanda kichwani. Nilijisemea, hata mama yake mzazi amekuja kumwigizia. Nilitaka wote waone nilichokuwa nakiona.

Babu Kondo alikuwa kwenye baraza na wanaume. Aliinuka kwa fimbo yake akamwendea. Shangazi akapiga goti.

"Shikamoo, mjomba."

"Marahaba, mwanangu. Vua miwani. Hapa tunaonana nyuso."

Shangazi alipeleka mkono kwenye miwani akiwa amepiga goti hivyohivyo. Kisha akaivua.

Nilikuwa nimejiandaa kuyakuta macho makavu. Niliyahitaji yawe makavu; miaka yote ile nilikuwa nimeijenga hasira yangu juu ya macho makavu. Yalikuwa yamevimba mpaka karibu yafumbe, mekundu kama ya mtu aliyepikia kuni mbichi, na kope zimeshikana. Hakuwa amelala wala kuacha kulia tangu simu ilipompata. Ile miwani ilikuwa ya kuficha tu.

Alikuja mikekani akitembea vibaya, gauni lile linambana magoti, akatafuta pa kukaa. Wanawake hawakusogea upesi. Akasimama mbele yangu. Alikuwa ameshaona jinsi wanavyomtazama, na kwa mara ya kwanza maishani mwangu nilimwona akiona aibu ya alichokivaa.

"Zaina," akasema kwa sauti ya kukwaruza, "sikuwa na nguo ya msiba. Nilichukua iliyokuwapo kibandani."

Nikaitoa kanga ya begani nikampa. Akajifunga juu ya lile gauni, akakaa. Nilimpa kanga. Kingine chochote sikumpa, na mpaka leo sijampa.